Luchino Visconti na Droo Zilizojaa Nguo

Walimu wangu, wasanii wenzangu, na ninyi vijana mnaosomea uigizaji na uongozaji, hamjambo.

Nilipoombwa nimzungumzie mwongozaji mmoja wa Italia, najua wengi wenu mlitarajia nimlete Fellini, maana huyo ndiye anayetajwa kwanza kila Italia inapotajwa. Nimemleta Luchino Visconti, na sababu yangu ni ya kikazi. Mtu huyu alifanya tamthiliya, opera na filamu kwa miaka thelathini bila kuacha hata kimoja. Ukimtazama kwenye filamu peke yake umemwona nusu. Na nyote hapa mtakuja kuulizwa, kama si mmeshaulizwa, mnataka kuwa watu wa jukwaa au watu wa kamera. Visconti alikataa kulijibu swali hilo.

Alizaliwa Milano tarehe 2 Novemba 1906, mtoto wa nne kati ya saba. Baba yake alikuwa mwana wa ukoo uliowahi kuitawala Milano karne nyingi nyuma. Mama yake, Carla Erba, alitoka kwenye familia iliyotajirika kwa viwanda vya dawa. Cheo kilitoka kuumeni, sehemu kubwa ya fedha ikatoka kukeni. Familia ilikuwa na chumba chake maalumu cha kutazamia ndani ya La Scala, jumba kuu la opera la Milano, na babu yake alishiriki kuliokoa jumba hilo mwishoni mwa karne ya 19 lilipokuwa limekwama. Toscanini, mwongozaji wa okestra, na Puccini, mtunzi wa opera, walikuwa wageni wa nyumbani. Mtoto akafundishwa kupiga selo, ile fidla kubwa. Kwa hiyo msishangae baadaye mkisikia kwamba aliyasikia maonyesho kabla ya kuyaona.

Watu wakisimulia maisha yake huiruka miaka ya farasi. Mimi siiruki. Alipotoka kwenye jeshi la wapanda farasi, alitumia miaka kadhaa akifuga na kufundisha farasi wa mbio, na kwa dhati kabisa, si kwa kucheza. Farasi haelewi maneno. Umtazame anavyokanyaga, anavyopumua, anavyoogopa, ndipo ujue umwambie nini kwa mkono na kwa mwili. Waigizaji waliofanya kazi na Visconti walisimulia jinsi alivyokuwa akiangalia namna mtu anavyovua glavu au anavyoketi, akamrudisha tena na tena hadi mwili ukubali. Sidai kwamba farasi walimfundisha uongozaji. Nasema tu kwamba alifika studio akiwa tayari na jicho hilo.

Alifika kupitia Paris. Mwaka 1936, kwa msaada wa Coco Chanel, mbunifu wa mavazi mliyezoea kuliona jina lake kwenye chupa za manukato, alitambulishwa kwa Jean Renoir, mwongozaji filamu wa Kifaransa, akawa mmoja wa wasaidizi wake kwenye filamu fupi iliyopigwa kando ya mto. Ufaransa wakati ule ilikuwa chini ya serikali ya muungano wa vyama vya mrengo wa kushoto, na kundi la Renoir lilijaa wakomunisti. Kijana wa kikabaila, aliyetoka kwenye nchi ya Mussolini, akajikuta anabeba maleba na kuitikia amri za watu ambao nyumbani kwao angeambiwa ni maadui. Alirudi Italia akiwa mtu mwingine kisiasa, na mkononi akiwa na muswada wa tafsiri ya Kifaransa ya riwaya moja ya Kimarekani ya James M. Cain, aliyopewa na Renoir mwenyewe.

Riwaya hiyo ndiyo ikazaa filamu yake ya kwanza, Ossessione, mwaka 1943. Hakulipia haki ya kuitumia. Vita vilikuwa vinaendelea, na Marekani na Italia zilikuwa zinapigana. Mwanamke na mpenzi wake wanamuua mume, hadithi ambayo polisi wa nchi yoyote wanaijua. Jipya lilikuwa pale ilipowekwa: barabara za vumbi za bonde la mto Po, jiko lenye moshi, fulana iliyolowa jasho. Sinema rasmi ya Italia ya wakati ule ilipenda saluni za kifahari na wanawake wanaopokea simu nyeupe. Inasimuliwa kwamba Vittorio Mussolini, mtoto wa dikteta na mtu wa sinema yeye mwenyewe, alitoka ukumbini akipaza sauti kwamba hii si Italia. Filamu ikapigwa marufuku sehemu nyingi, na negativu yake ikaharibiwa. Tunayoitazama leo imetokana na nakala iliyosalia kwa Visconti.

Mwaka uliofuata hakukuwa na filamu. Alijiunga na wapinzani wa ufashisti mjini Roma, akawaficha watu nyumbani kwake, na Aprili 1944 akakamatwa na genge la Pietro Koch, mtesaji aliyejulikana mji mzima. Alinusurika. Vita vilipokwisha alitoa ushahidi kwenye kesi ya Koch, na Juni 1945, Koch alipopigwa risasi, Visconti ndiye aliyeongoza upigaji picha wa tukio lile kwa ajili ya filamu ya kumbukumbu. Sijui ni wangapi kati yetu tungeweza kusimama nyuma ya kamera hiyo.

Sasa nije jukwaani, maana hapa ndipo jina lake lilipokua, si kwenye sinema. Roma ilikombolewa Juni 1944. Januari 1945, kaskazini ya nchi ikiwa bado vitani, alifungua pazia katika ukumbi wa Eliseo kwa tamthiliya ya Jean Cocteau kuhusu familia inayooza kwa ndani. Mwaka huohuo akaweka jukwaani Hemingway, Anouilh na Sartre, waandishi ambao hadhira ya Italia ilikuwa imefungiwa madirisha isiwaone. Baadaye wakaja Tennessee Williams, Arthur Miller na Chekhov.

Ili muelewe uzito wa jambo hili, ijueni hali ya tamthiliya ya Italia wakati ule. Kikundi kilikuwa mali ya mwigizaji mkuu. Yeye ndiye aliyesimama katikati, wengine wakapanga mstari pembeni. Mazoezi yalikuwa ya siku chache, kwa sababu chini ya jukwaa palikuwa na mtu wa kuwanong'oneza maneno waliosahau. Mwongozaji, kwa maana tunayoijua sisi, alikuwa kiumbe kipya. Visconti, akifanya kazi na kikundi cha waigizaji Rina Morelli na Paolo Stoppa, alidai mazoezi marefu, muswada ujulikane moyoni, na mwigizaji mkuu awe na nidhamu ileile ya anayeleta trei ya chai. Alikuwa mkali, mara nyingine katili wa maneno. Nalisema wazi kwa sababu kuna tabia ya kuugeuza ukali wa waongozaji wakubwa kuwa sifa.

Kwenye jukwaa hilo alipita kijana mmoja aliyekuwa akiigiza na wanafunzi wa chuo kikuu, Marcello Mastroianni. Alipita mwigizaji Vittorio Gassman. Na alipita Franco Zeffirelli, aliyeanza kwa kumbunia Visconti mandhari za jukwaani kabla hajawa mwongozaji mwenye jina lake. Mwaka 1948 Visconti alimwita Salvador Dalí, mchoraji yule mwenye masharubu ya ajabu, amtengenezee mandhari ya mchezo wa Shakespeare. Watu waliokuwa wamemzoea kwa uhalisia wa fulana na jasho waliona amewasaliti. Yeye hakuona kosa: kila tamthiliya ipewe ulimwengu wake.

Mwaka huohuo wa 1948 ndio wa La terra trema, filamu ninayoipenda kuliko zote alizotengeneza. Nitakaa hapa kidogo.

Chama cha Kikomunisti kilitoa fedha za kuanzia ili apige filamu fupi ya kumbukumbu kuhusu Sicilia, uchaguzi wa 1948 ukiwa unakaribia. Akaenda Aci Trezza, kijiji cha wavuvi mashariki mwa kisiwa, akakaa miezi, na ile filamu fupi ikageuka kuwa kitu cha karibu saa tatu. Msingi wake ni riwaya ya Giovanni Verga ya mwaka 1881 kuhusu wavuvi wa kijiji hichohicho. Hakumchukua mwigizaji hata mmoja wa kazi hiyo. Wavuvi walikuwa wavuvi, mafundi wa uashi walikuwa mafundi wa uashi. Na namna alivyopata maneno yao ni somo: aliwaeleza hali ilivyo, kwamba kaka amerudi na habari mbaya na dada yuko mlangoni, akawauliza wao wangesemaje. Walivyosema ndivyo ilivyoandikwa, kwa lugha yao ya kijijini, kisha wakaifanyia mazoezi hadi ikakaa. Waitaliano wa Roma hawakuielewa lugha hiyo, ikabidi iwekwe sauti ya msimulizi. Mwanzoni mwa filamu yameandikwa maneno yanayosema kwamba Kiitaliano si lugha ya maskini wa Sicilia.

Kisa chenyewe kifupi. 'Ntoni, kijana mvuvi, anachoshwa na wachuuzi wa jumla wanaopanga bei ya samaki wakati mvuvi bado ana chumvi mwilini. Anaiweka nyumba rehani ili familia ijitegemee. Bahari inakivunja chombo. Nyumba inaondoka, mmoja wa ndugu zake anaondoka, na mwishowe yeye mwenyewe anarudi kuomba kazi kwa walewale wachuuzi, wanaomcheka. Mliokulia karibu na mnada wa samaki hamhitaji msimulizi wala tafsiri.

Lakini tazameni jinsi wanavyosimama. Wanawake kwenye miamba, nguo nyeusi zikipigwa na upepo, wakingoja mashua: wamepangwa kama kwaya ya opera. Wahakiki wengine walilaumu, wakasema maskini wamefanywa wapendeze mno. Mimi sikubaliani. Alichofanya ni kuwapa wavuvi ukubwa uleule wa kimo ambao La Scala iliwapa malkia. Filamu haikuuzika. Ilipata tuzo kwenye tamasha la filamu la Venezia, ikawafilisi watu, na sehemu mbili nyingine zilizopangwa kuifuata, ya wachimba migodi na ya wakulima, hazikupigwa kamwe. Wasaidizi wake wawili pale kijijini walikuwa Zeffirelli na Francesco Rosi. Yaani kijiji kimoja kililea waongozaji watatu kwa mpigo.

Nitapita haraka kwenye Bellissima ya 1951, ambamo Anna Magnani ni mama anayetaka binti yake awe nyota wa sinema, ingawa inastahili zaidi ya sentensi moja. Senso ya 1954 nitaitaja kwa sababu inafungua ndani ya jumba la opera la La Fenice, Venezia, wakati wa utawala wa Waaustria: opera ya Verdi iko jukwaani, na kutoka ghorofa za juu mvua ya vikaratasi na maua inawaangukia maofisa wa Austria. Kamera inatoka jukwaani kuingia kwa watazamaji, na ghafla watazamaji ndio mchezo. Baada ya hapo hakuna aliyeshangaa alipoitwa kuongoza opera yenyewe.

Aliitwa La Scala, usiku wa ufunguzi wa msimu, tarehe 7 Desemba 1954. Mwenyewe alisema wazi kwamba aliingia kwenye opera kwa ajili ya mtu mmoja, mwimbaji Maria Callas. Walifanya kazi tano pamoja pale Milano kufikia 1957. Iliyoleta vita ni La traviata, opera ya Verdi, ya Mei 1955, Carlo Maria Giulini akiongoza okestra. Visconti na mbunifu Lila de Nobili waliisogeza hadithi mbele hadi miaka ya mwishoni mwa karne ya 19, kwa kuwa gauni za wakati huo zililifaa umbo la Callas. Mwisho wa tendo la kwanza, wageni wakiwa wameondoka, Violetta, mhusika mkuu, mwanamke anayeishi kwa fedha za wanaume, yuko peke yake na wimbo mgumu kuliko yote. Visconti akamwambia avue viatu kwa kuvirusha. Ndiyo, kuvirusha, katikati ya La Scala. Baadhi ya wahakiki waliona ni uhuni. Na katika tendo la mwisho Violetta anajaribu kuvaa ili atoke nje, anafia ndani ya koti lake la safari na kofia. Tenori Giuseppe Di Stefano alichukia mtindo huo wa mazoezi na umakini uliomwendea Callas, akajitoa baada ya usiku wa kwanza.

Kiatu kile kinafanya kazi gani? Mwanamke amesimama usiku kucha akitabasamu kwa wanaume waliomlipa. Miguu inauma. Wakishatoka, kitu cha kwanza anachofanya ni kile ambacho kila mwanamke aliyetoka harusini amewahi kukifanya. Halafu anaimba kwamba yuko huru. Mwili umeshasema kabla ya sauti, na sauti inapokuja tunaisikia vingine. Hilo ndilo jambo la Visconti, ndugu zangu, kwenye jukwaa na kwenye filamu pia: ukweli aliuanzia kwenye kitu kinachogusa ngozi.

Sasa mtaelewa kisa cha droo, kinachosimuliwa na kila aliyewahi kumtaja. Ni mwaka 1962, Palermo, wanapiga Il Gattopardo, kutoka riwaya ya Giuseppe Tomasi di Lampedusa kuhusu kabaila mkubwa wa Kisicilia anayeona tabaka lake likizama wakati Italia inaunganishwa. Burt Lancaster ndiye mhusika mkuu. Mtayarishaji Goffredo Lombardo alihitaji fedha za Marekani, ndiyo maana akaletwa Lancaster, nyota wa Marekani; Visconti hakumtaka mwanzoni, akimwona ni mtu wa filamu za bastola. Kabati za chumba cha kabaila huyo zilijazwa mashati na vitambaa halisi, vilivyokunjwa vizuri, ndani ya droo ambazo hakuna tukio lililotaka zifunguliwe. Wahasibu walilia. Visconti hakuwa anawajazia watazamaji. Alimjazia Lancaster, ili anapopita mbele ya kabati apite kama mtu ambaye mashati yale ni yake.

Dansi ya mwishoni inachukua takriban dakika 45. Ilipigwa ndani ya jumba la Gangi, usiku, kwa sababu joto la kiangazi la Sicilia lilikuwa haliwezekani mchana. Mishumaa ilikuwa mishumaa, ikabidi iwashwe upya na kubadilishwa kila mara. Baadhi ya wageni wa dansi walikuwa watu wa koo zenyewe za kikabaila. Maleba yalibuniwa na Piero Tosi, kamera ilikuwa ya Giuseppe Rotunno, na Nino Rota aliupangia okestra muziki wa dansi wa Verdi uliokuwa haujachapishwa. Dakika hizo zote hakuna kinachotokea. Watu wanacheza, wanakula, wanatoka jasho, mzee anajitazama kwenye kioo. Ukizikata, hadithi haipungui hata sentensi moja, lakini filamu imekufa. Tamasha la filamu la Cannes liliipa tuzo yake kuu, Palme d'Or, mwaka 1963. Titanus, kampuni ya Lombardo iliyoitayarisha, haikupona na gharama zake, na toleo lililopelekwa Marekani lilikatwa na kutiwa sauti ya Kiingereza kwa namna iliyomuudhi mno.

Kuna wanaouliza: mkomunisti gani anaomboleza makabaila kwa mapenzi hivyo? Waliuliza wakati wake, tena kwa kejeli, wakimwita kabaila mwekundu. Nadhani swali limekaa vibaya. Aliijua nyumba ile kwa ndani na aliamini ilistahili kuanguka, na akayabeba yote mawili bila kujipatanisha. Miaka mitatu tu kabla, kwenye Rocco e i suoi fratelli ya 1960, alikuwa amepiga upande wa pili: mama mjane na wanawe wanne wanashuka treni Milano wakitoka kusini kwenye umaskini, kama walivyofanya mamia kwa maelfu ya Waitaliano miaka ile. Milano ni mji wake, lakini aliupiga kuanzia vyumba vya chini ya ardhi. Mamlaka za Milano zilidai sehemu zikatwe, na kumbi zikaonyesha matukio yaliyotiwa giza. Mapema mwaka 1961 tamthiliya aliyoongoza, ya Giovanni Testori, ikafungiwa mjini humohumo. Huyo ndiye kabaila wenu.

Miaka ya mwisho inajulikana zaidi nje ya Italia. La caduta degli dei ya 1969, kuhusu familia ya wenye viwanda vya chuma Ujerumani inayojiuza kwa Hitler. Morte a Venezia ya 1971, na muziki wa mtunzi Mahler. Hapa siwezi kusifu nikapita. Björn Andrésen, kijana wa Kiswidi aliyechaguliwa kuwa sura ya uzuri kwenye filamu hiyo, alikuwa na miaka 15. Alipokuwa mtu mzima alieleza hadharani jinsi alivyogeuzwa kitu cha kutazamwa, na jinsi watu wazima waliomzunguka walivyoshindwa kumlinda. Jicho lile nililolisifu kwa kiatu cha Callas ndilo hilohilo. Nanyi mtakaoongoza watoto, lifikirieni kabla hamjatangaza usaili.

Julai 1972, mara tu baada ya kupiga filamu ya Ludwig, kiharusi kilimpata na kumlemaza upande mmoja. Alikuwa mvutaji sigara asiye na kikomo. Watayarishaji waliikata Ludwig; baada ya kifo chake wenzake wa zamani waliirudishia urefu wake. Mwaka 1973 aliongoza Manon Lescaut ya Puccini huko Spoleto. Filamu ya 1974 aliipiga karibu yote ndani ya studio, kwa kuwa mwili haukuruhusu tena safari, Lancaster akirudi kumwigizia profesa mzee. Filamu yake ya mwisho, L'innocente, aliiongoza akiwa kwenye kiti cha magurudumu. Alifariki Roma tarehe 17 Machi 1976, na filamu ikaonyeshwa Cannes miezi miwili baadaye.

Wanaoanza kumtazama huwa wanakwenda moja kwa moja kwenye Il Gattopardo kwa sababu ya jina lake, wanasinzia kwenye dansi, halafu wanasema Visconti ni mzito. Anzeni na Rocco. Ina ndondi, ina wivu, ina mama anayepiga kelele, na Alain Delon, anayemwigiza Rocco, alikuwa bado na miaka ishirini na ushee. Kisha La terra trema, mkiwa na usiku mrefu. Dansi iwe ya tatu.

Kabla ya maswali nitaonyesha dakika chache za Rocco, pale familia inapoamka alfajiri na kukuta theluji, yaani vibarua vya kuizoa vimepatikana. Mara ya kwanza tutaitazama bila sauti. Tazameni mikono ya Katina Paxinou, anayeigiza mama. Alikuwa mwigizaji wa tamthiliya kutoka Ugiriki, na ningependa mniambie ni wapi mnaona jukwaa na ni wapi mnaona filamu.